Steringi Aliyekaa Chini

Nilipokuwa mdogo nilidhani shangazi yangu anaishi juu, na kwamba hushuka kwa ajili ya kula na kulala tu. Asubuhi nikitoka nje na mswaki wangu, sauti yake ilinijia kutoka kwenye makuti, ikimsalimia mtu ambaye mimi simwoni.

"Shikamoo, baba."

Na kwa mbali, nyuma ya nyumba za watu, sauti ya mzee ikajibu, "Marahaba, mwanangu. Maji yameamkaje?"

"Yamekupwa, baba. Mawe yote yako nje."

Basi mzee yule akajua kuwa ana muda wa kumaliza chai yake kabla ya kwenda kuwinda pweza. Mimi nilibaki na povu mdomoni nikitazama juu, nikiona tu makuti yakitikisika, kama mnazi wenyewe ndio uliokuwa unasema.

Shangazi alikuwa mkwezi. Pale kwetu Somanga wakwezi wa minazi walikuwa wanaume, isipokuwa yeye. Alifundishwa na babu huko Kikole. Babu alijaliwa mabinti kwanza na watoto wa kiume baadaye sana, na nazi hazikuweza kuwasubiri. Shangazi alipoachika alikuja kukaa kwa kaka yake, ambaye ni baba yangu, akiwa na begi dogo la nguo na kamba yake ya kukwelea, ile ya nyuzi za makumbi anayoivaa miguuni kama pingu. Watu walicheka kidogo. Kisha wanawake wakaanza kumwita.

Asiyekaa na minazi hawezi kujua kwa nini. Minazi mingi ya mjini kwetu imo uani, na ua ndio mahali pa wanawake. Huko ndiko wanakosukana, wanakooga kwenye bafu la makuti lisilo na paa, na mzazi, mwanamke aliyetoka kujifungua, anakokandwa maji ya moto. Mtu aliye kileleni anaona yote, ya nyumba hii na ya majirani. Kwa hiyo tangu zamani mkwezi hakwei kimya. Husimama shinani, huweka kiganja mdomoni, na kuita kwa sauti ndefu, "Hodiii, naja juu!" Halafu husubiri. Wanawake wote wanaoguswa na mnazi ule huvuta kanga zao, aliye bafuni hujifunika, na mmoja wao hujibu, "Tumejisitiri!" Hapo ndipo mguu wa mkwezi huacha ardhi. Sisi tunaiita hodi ya juu.

Kwa shangazi mambo yalikuwa mepesi zaidi. Hodi alipiga kila mara, lakini wanawake walimjibu tu "Pita!" wakaendelea kusukana. Alizungumza nao kutoka kileleni huku akiangua nazi. Alijua nani ana mimba kabla ya mama mkwe kujua, na nani amelia asubuhi akiosha vyombo. Akishuka, yote aliyaacha hukohuko.

"Macho ya mkwezi hayana mdomo," aliniambia.

Mimi nami sikuwa mtu wa kusema. Shuleni mwalimu akiniita ubaoni nilikuwa najua jibu, lakini sauti ilikauka njiani. Nilipenda kukaa mbali kidogo na shina, pale ambapo nazi haiwezi kunifikia, nikimwangalia shangazi anavyopungua. Kwanza nyayo zake nyeupe, kisha kanga aliyojifunga kibwebwe, mwisho kitu kidogo cheusi kati ya jua na makuti. Tukiwa wawili tu ndipo nilipothubutu kupaza sauti.

"Shangazi, unaona nini?"

"Naona basi limesimama, watu wa samaki wanalikimbilia. Naona mikoko. Naona mbuzi wa mtani wetu yumo kwenye mihogo ya watu, lakini simwambii."

"Na nyuma ya hapo?"

"Nyuma ya hapo bahari."

"Na nyuma ya bahari?"

"Kuna kitu cheupe. Sijui ni wingu, sijui ni mji."

Mji ule niliuota miaka mingi. Katika ndoto zangu nyumba zake hazikuwa na mapaa, na watu wake walijibizana kutoka uani hadi uani, bila haya.

Huyo mtani aliyetajwa alikuwa mzee mkaanga samaki wa pale barabarani. Kabila lake na letu ni watani, na mtani ana ruhusa ya kukuchukulia kuku, kukusema vibaya, hata kufanya mzaha kwenye msiba wako, nawe huna haki ya kununa. Kila alipopita chini ya mnazi wenye shangazi, alisimama akatua beseni lake.

"We mwanamke, anguka basi leo. Nina hamu ya pilau."

Alikuwa na maana ya pilau ya hitima. Shangazi alimrushia kidaka, nazi changa, akamkosa makusudi.

"Utatangulia wewe. Na mchele wako tutaupika na mawe yake."

"Heri. Meno yangu bado mazima."

Jirani na hapo, karibu na mabasi yanaposimama, kulikuwa na kibanda umiza, banda la mabati lenye mabenchi na runinga moja. Jumapili mchana hata sisi wasichana tuliruhusiwa kuingia. Filamu zilisemwa kwa lugha ambazo hakuna aliyezijua, na mwenye banda alikaa pembeni na maiki yake akizitafsiri. Sidhani kama alizijua kutuzidi. Alitazama midomo inavyokwenda, akasema kile alichoona kinafaa. Kwa kinywa chake majambazi wote walitokea Dar es Salaam, na mapolisi wote waliwaogopa wake zao.

Filamu tuliyoipenda kuliko zote ilikuwa ya mwanamke anayeruka. Bila shaka alikuwa na jina lake, lakini sisi tulimwita steringi, kama tunavyomwita yeyote ambaye filamu ni yake. Aliruka juu ya mji wa maghorofa akiwadaka watoto wanaodondoka na mabasi yaliyokatika breki. Na kila mtoto wa Somanga alijua sheria moja: steringi hafi. Atapigwa, atazamishwa, atafungwa minyororo. Wewe subiri. Atainuka.

Karibu na mwisho wa filamu ile kulikuwa na mahali ambapo nguvu zilimtoka akiwa angani. Alianza kuanguka, nywele zikielekea juu, taratibu mno, akipita madirisha ambamo watu walikuwa wanakula. Na kila mara, kabla hajafika chini, runinga ilizimika.

"Umeme huo, jamani," mwenye banda alisema. "Lakini si mnajua wenyewe. Steringi hafi."

Tukatoka kwenye jua, macho yakituuma, tukiwa tumeridhika. Ilinichukua muda mrefu kugundua kwamba feni ya banda lile ilikuwa inaendelea kuzunguka.

Jinsi shangazi naye alivyokuwa steringi, ni hivi. Kiangazi kimoja mtu alikuwa anachoma shamba jipya, moto ukamponyoka kwa upepo. Shangazi alikuwa kileleni. Aliuona moto ukikata kichaka kuelekea mikorosho, na nyuma ya mikorosho ndipo zilipo nyumba zetu za makuti. Mtu mwingine angeshuka akimbie. Yeye alibaki juu, moshi ukimfikia, akiwaelekeza watu waliokuwa chini wasioona kitu. "Kulia! Kulia kwa kisima! Kateni hapo, hapohapo!" Alibaki mpaka moto ulipokosa cha kula. Aliposhuka macho yalikuwa mekundu na sauti imekwisha kabisa, na watu walimbeba wakamzungusha barabarani.

Kijana mchora mabango alimchora ukutani mwa kibanda umiza. Alimchora anaruka, mkono mmoja mbele, panga kiunoni, kanga ikipepea mgongoni kama tanga. Uso haukufanana naye hata kidogo. Shangazi alipopita mara ya kwanza alijifunika ushungi mpaka puani.

"Mbona kanichora peku?" aliniuliza. "Watu watasema sina hata ndala."

Lakini siku zilizofuata niliona anapitia njia ile hata kama safari yake si ya huko.

Abiria wa mabasi walianza kumjua. Basi likisimama wengine waliacha samaki wakauliza yuko wapi yule mama anayekwea, wakatoa simu zao. Mwanzoni alikataa. Baadaye alikubali kwa aibu. Baadaye tena aibu ikaisha. Akifika kileleni aliachia mkono mmoja akaunyoosha mbele, kama kwenye picha ya ukutani, na chini wakapiga makofi. Nilimtazama kutoka mahali pangu na kuona kuwa sasa hatazami tena bahari. Anatazama chini, kuona kama anatazamwa.

Mtani wetu alitua beseni lake. "Mgema akisifiwa," alisema, kisha akanyamaza.

"Malizia," shangazi alimwambia kutoka juu.

"Malizia mwenyewe. Mimi samaki wangu wanapoa."

Siku aliyoanguka, masika yalikuwa yamekwisha na mashina bado yana ukoga wa kijani. Basi lilipata pancha palepale kwetu, na abiria wote walikuwa nje na simu zao. Mnazi mrefu uliokuwa karibu ulikuwa uani kwa jirani yetu, mama mdogo kwa umri, aliyejifungua siku chache nyuma. Mwenye banda alitoa spika nje. Vijana walipiga makopo. Shangazi alivaa kamba yake miguuni, akagusa shina, na mimi nikasubiri hodi.

Haikuja. Labda alidhani kelele zile zote ni hodi tosha. Alikwea haraka na vizuri, sijawahi kumwona akikwea vizuri vile. Alifika, akanyoosha mkono mmoja, watu wakashangilia. Kisha ghafla aligeuza uso upande, kama mtu aliyepigwa kofi.

Alianguka polepole. Najua kwamba haiwezekani, kitu hakianguki polepole, lakini ndivyo ninavyokumbuka, kanga ikielekea juu na mkono mmoja bado uko mbele. Nilisubiri umeme ukatike. Haukukatika.

Alilala hospitalini siku kadhaa, na aliporudi nyumbani fundi wa mifupa alikuja na vijiti na nyuzi zake akarekebisha alichoweza. Mimi nilikuwa nampaka mafuta ya ufuta yaliyopashwa moto, kuanzia nyonga mpaka kwenye goti. Mguu ulikuwa kama wa mtu mwingine, umelazwa pale karibu naye.

Nje watu walikuwa na sababu nyingi. Wengine walisema kijicho. Wengine walisema mnazi ule una mwenyewe asiyeonekana. Shangazi alisikia yote kupitia dirishani na hakujibu. Ila mama mzazi yule wa mnazi alikuja kila siku na bakuli la uji wa pilipili manga, ule anaopikiwa mzazi, alioupunguza kwenye uji wake mwenyewe. Aliuweka chini, akakaa kidogo, akaondoka bila neno.

"Kwa nini haongei?" niliuliza siku moja nikiwa na mafuta mikononi.

"Anaona haya. Nami naona haya." Alitazama dari. "Nilisahau hodi. Nilipofika juu alikuwa bafuni anakandwa. Alikuwa ameinua mikono yote miwili, maskini, macho amefumba. Nikageuza uso. Na mguu nao ukageuka."

"Waambie watu basi. Wanasema uongo."

"Niwaambie nini? Kwamba mke wa mtu alikuwa uchi, na simu zote zile ziko nje ya ukuta? Wacha waseme kijicho."

Ninaandika jambo hili kwa sababu mama yule mwenyewe amekwisha kulisema mbele ya watu, katika shughuli ya arusi, akicheka na kulia kwa pamoja. Wakati ule lilikuwa letu watatu.

Juu ya sababu ya kuanguka watu walibishana. Juu ya kurudi hawakubishana hata kidogo. Watoto walikuja mlangoni baada ya madrasa, vitabu vimebanwa kifuani.

"Shangazi, lini?"

"Lini nini?"

"Lini utakwea?"

Wanawake walipita wakasema inshallah, mkono wake ni wa kukwea, Mungu hakuumbi bure. Mwenye banda ndiye aliyepanga siku. Alitangaza kwa spika mpaka huko kwenye mikoko wakasikia: Jumapili baada ya alasiri, steringi anarudi, mnazi uleule. Hakumuuliza shangazi. Na shangazi hakusema ndiyo wala hapana.

Alasiri moja nilimkuta nyuma ya nyumba amekumbatia mnazi wetu mfupi, ule ambao hata mbuzi anafikia makuti yake. Mguu mzima ulikuwa kwenye kidato cha kwanza, lile pengo linalokatwa shinani pa kukanyaga. Mguu mbovu ulikuwa unatafuta kidato cha pili, ukitetemeka, ukiparuza shina, haukipati. Aliposikia hatua zangu hakugeuka.

"Shangazi, utakufa."

"Pengine."

"Si uache tu."

"Nikiwa chini mimi ni nani hapa?"

Nilifikiri sana. Nilikuwa na miaka ambayo mtu anajua majibu machache. "Ni shangazi yangu."

"Hiyo si kazi," alisema, akacheka, lakini paji la uso lilikuwa bado limegusa shina.

Usingizi wangu wa siku zile ulikuwa mnazi mtupu. Nilikwea na kukwea, na juu hakukuwa na kilele, kulikuwa na shina tu likiingia katika kile kitu cheupe, wingu au mji. Nilijua kwamba akikwea atakufa. Asipokwea sikujua atakuwa nani, na niliona kuwa naye hajui.

Jumapili ilifika. Uani kwa mama mzazi hapakuwa na mahali pa kuweka mguu, na nje ya ukuta vijana walikaa juu ya bodaboda zao. Mtani wetu alikuja amevaa kanzu ya Idi na amebeba sufuria kubwa.

"Ya nini hiyo?" watu walimuuliza.

"Pilau leo ni lazima. Sitaki kuja kuazima sufuria watu wakiwa wanalia."

Watu walicheka sana. Shangazi, aliyekuwa anafunga kibwebwe, alimtazama. "Umeiosha?"

"Nitaiosha kwa machozi."

Alikwenda shinani akichechemea. Akaweka kiganja mdomoni. Hodi aliyoipiga siku ile sijaisikia tena mahali popote, ilikuwa ndefu, ikapita juu ya mapaa ya mabati na ya makuti, nikahisi imevuka barabara kuu ikashuka mpaka majini. Hata wanawake waliokuwa palepale uani, wameshavaa, wameshajitanda, walijirekebisha kanga zao. Kutoka chumbani sauti ya mama mzazi ikajibu, "Tumejisitiri, shangazi."

Alivaa kamba. Akaweka mguu mzima kwenye kidato cha kwanza. Mikono ikalizunguka shina. Mimi mdomo wangu ulikuwa wazi na hakuna kilichotoka. Upepo ulipita juu, makuti yakasugua makuti, na kivuli chake kikaenda na kurudi mgongoni mwake. Alikaa vile kwa muda ambao hata leo unaweza kunirudia nikiwa naosha vyombo.

Kisha akaurudisha mguu chini. Akainama, akavua kamba, akaikunja vizuri kama mtu anayekunja mswala. Akakaa chini kwenye mizizi, mguu mbovu umenyooka mbele yake.

"Haukunjiki," alisema, kama mtu anayesema mvua imeanza.

Hakuna aliyeelewa upesi. Mtoto mmoja alisema, "Anapumzika. Sasa hivi anakwea." Tukasubiri. Mwenye banda alikuwa na maiki karibu na mdomo, nayo ikatoa mlio mwembamba. Nje ya ukuta kijana mmoja akasema, "Steringi kaishiwa chaji," na mwingine akasema, "Mrudisheni kwa fundi simu," na kicheko kikaanzia huko kikaingia uani kama maji yanavyoingia chini ya mlango. Niliona masikio ya shangazi. Uso wake haukubadilika, lakini masikio yalikuwa yanasikia kila kitu.

Mtani wetu alipita katikati ya watu. Aliigeuza sufuria yake chini juu, akaikalia, karibu naye kabisa.

"Umeninyima pilau, mwanamke mbaya wewe."

"Kawaambie shangazi zako wakupikie."

"Walikufa wote. Waliambiwa wana nguvu, wakaamini."

Shangazi alicheka. Alicheka mpaka ushungi ukadondoka mabegani, mpaka akashika mguu wake mbovu kwa sababu kicheko kilikuwa kinauumiza. Na yule mzee alikaa tu juu ya sufuria akiwatazama watu usoni, mmoja mmoja, mpaka wakakumbuka kuwa wana kazi nyumbani.

Tangu hapo watoto waliacha kuja mlangoni. Picha ya ukutani mtu aliichora ndevu kwa mkaa. Shangazi hakutoka nje majira yote ya maua ya mikorosho, alikaa chumbani akisuka makuti ya kuezekea, na sauti yake, ambayo nilizoea kuitafuta juu, sikuizoea ilipotokea usawa wa masikio yangu.

Lakini nazi hazikujua habari hizo. Zilikauka uani kwa watu na kuanza kudondoka zenyewe. Moja ilitoboa paa. Nyingine ilivunja mtungi karibu na mtoto anayetambaa. Ndipo akaja kijana mkwezi kutoka Mingoyo, mwepesi, anakwea kama anavutwa. Wanawake wakamkatalia. Walikuwa wameishi miaka mingi na macho ya shangazi juu yao, na macho ya kijana yule hawakuyajua.

Mama wa mnazi alikuja kwetu, mtoto mgongoni. Safari hii aliongea.

"Shangazi, njoo upige hodi."

"Mimi sikwei, mwanangu."

"Sijasema ukwee."

Shangazi aliweka chini kuti alilokuwa anasuka. Halafu aliniambia nimbebee kigoda.

Alikaa shinani, akaita, akangoja jibu. Kijana wa Mingoyo alikuwa tayari ameinua mguu.

"Shusha. Hawajajibu."

Akashusha. Jibu lilipokuja, shangazi alimwonyesha shina kwa kidole. "Uso kwenye mti, kwenda na kurudi. Ukigeuka nitajua."

"Utajuaje, mama, nawe uko chini?"

"Huko juu nimekaa kuliko wewe. Najua ukigeukia wapi kivuli chako kinaangukia wapi."

Kijana alikwea ameubana uso kwenye shina kama aliyesujudu. Na uani, nyuma yetu, nikasikia kitu ambacho hakijasikika kwa miezi: wanawake wameanza tena kusukana, wanaongea.

Kazi ile ikamshika. Leo huku, kesho kule, kigoda mbele na yeye nyuma na fimbo yake. Hakuna abiria anayetoa simu kumpiga picha mama aliyekaa kwenye kigoda.

Iko pia habari ya filamu. Jumapili moja mwenye banda alikuja mwenyewe kumwalika, akavua kofia mlangoni. Shangazi hakuwahi kuingia kibanda umiza maishani mwake. Alikaa benchi la mbele na wanawake wenzake, mguu umenyooka kwenye njia, kila apitaye akiuruka. Filamu ilikuwa ileile. Ilipofika mahali pale, mwanamke angani, nywele juu, madirisha ya watu wanaokula, sote tulisubiri runinga izimike.

Haikuzimika. Aliendelea kuanguka mpaka chini. Alilala barabarani, mguu umejikunja chini yake. Watu walikuja wakamzunguka, kisha mmoja mmoja wakaondoka, tukabaki kuona viatu vinavyopita. Mwenye banda alikuwa na maiki mdomoni na hakutafsiri chochote. Tulisikia pumzi yake kwenye spika.

"Mbona hainuki?" mtoto aliuliza. "Si steringi hafi?"

"Hajafa," alisema mwenye banda. Akatafuta maneno. "Amechoka, jamani. Mwacheni."

Shangazi aliinama mbele. "Mwambie aunyooshe huo mguu," alisema kwa sauti ya kawaida. "Akiukunja hivyo utapona vibaya."

Mwenye banda akamgeukia, kisha akaigeukia runinga. "Dada," alisema kwenye maiki, "unaambiwa unyooshe mguu."

Watu walicheka, lakini si kile kicheko cha uani. Na mimi sina hakika kama nakumbuka vizuri, labda ilikuwa ni joto la mabati, labda ni machozi, lakini naona kwamba mwanamke yule kwenye runinga aliunyoosha.

Mwaka huu kifua kinamsumbua shangazi, na asubuhi za baridi sauti haitoki. Asubuhi moja, kijana ameshavaa kamba, shangazi alifungua mdomo mara mbili, kisha akanitazama tu. Sikuuliza. Nilisimama karibu na kigoda chake nikaweka kiganja mdomoni. Mara ya kwanza alinisikia mbuzi peke yake. Mara ya pili niliita nikiwa nimefumba macho, na sauti ikatoka, ikanipita, ikaenda juu ya mapaa.

Kijana akainua mguu.

"Subiri," shangazi alinong'ona, mkono wake umeshika pindo la kanga yangu.

Tukasubiri. Kuku walikuwa wanaparua majani makavu. Mahali fulani maji yalimwagwa, beseni likawekwa chini, mlango wa bafu ukavutwa.

"Tumejisitiri!"